Saa ya Mwenye Duka

Kuna kitu kwenye ulimwengu wa gemu ambacho sijaona mtu akikihakiki, na si kwa sababu ni adimu. Nazungumzia kionjo: yale masaa machache unayopewa ucheze gemu mpya kabla ya kuinunua, mradi unalipia usajili kila mwezi. Watu wakikitaja wanataja bei. Inalipa ama hailipi? Ni swali halali na nitalifikia, maana hata mimi doo hazininyeshei. Lakini kwanza tukiangalie kionjo vile tunavyoangalia sura ya kwanza ya riwaya: kinaanzia wapi, kinakatiwa wapi, na nani ameshika makasi.

Zamani makasi yalishikwa na mtunzi. Doom ilipotoka Desemba 1993, id Software waliachilia sehemu ya kwanza kati ya tatu bila malipo, watu wakagawiana, na aliyetaka mbili zilizobaki akatuma pesa. Ile sehemu ya kwanza ilikuwa na mwanzo wake na mwisho wake. Mwaka 2001 Zone of the Enders iliuzwa ikiwa na demo ya Metal Gear Solid 2 ndani, na kuna wengi walioinunua kwa sababu ya demo hiyo tu. Ilikuonyesha Snake kwenye meli, usiku, mvua ikimwagika. Gemu yenyewe ilipokuja, kumbe Snake ni wa ile meli peke yake. Ukitoka hapo unakabidhiwa Raiden, kijana ambaye hakuna mtu alimwomba, na ndiye unayecheza naye sehemu yote iliyobaki. Demo ilikuwa sehemu ya mtego. Hideo Kojima alijua unatarajia nini kwa sababu yeye ndiye aliyekupa tarajio hilo miezi kabla.

P.T. ndiyo kilele cha sanaa hii. Ilitokea kwenye PlayStation Store tarehe 12 Agosti 2014, bila malipo, ikijidai imetoka kwa studio ambayo hakuna aliyewahi kuisikia. Korido moja ya nyumba. Unafika mwisho, unafungua mlango, na uko kwenye korido ileile, ila kitu kimoja kimebadilika: redio, taa, mlango wa choo uliokuwa umefungwa sasa uko wazi kidogo. Basi. Mpaka leo sijacheza kitu kinachonitisha namna hiyo, na sina mpango wa kukicheza nikiwa peke yangu kwa nyumba. Ukifaulu kufika mwisho ndipo unaambiwa kwamba ulichokuwa ukicheza ni tangazo la Silent Hills, kazi ya Kojima na Guillermo del Toro. Aprili 2015 Silent Hills ikafutwa na P.T. ikaondolewa dukani. Kionjo cha chakula ambacho hakikupikwa, na bado ni kazi kamili kuliko gemu nyingi za masaa 40 nilizomaliza kwa kujilazimisha.

Sasa linganisha na kionjo cha usajili. Juni 2022 Sony walipanga upya PlayStation Plus iwe na ngazi tatu, na ngazi ya juu kabisa, Premium, ikaja na vionjo vya gemu kubwa. Horizon Forbidden West ilikuwa na masaa 5. Huku hakuna mtu wa kukata. Unapakua gemu yote, inafunguka yote, na kuna saa inayohesabu kurudi nyuma. Ikifika sufuri umefungiwa nje, hata kama mhusika yuko katikati ya sentensi. Mtunzi hajaulizwa. Mkasi uko mikononi mwa saa, na saa ni ya mwenye duka.

Mtu ataniambia, afadhali hivyo: demo ya zamani ilikuwa tangazo lililopambwa, hii ni gemu yenyewe bila vipodozi. Nakubali nusu. Ni kweli hakuna aliyekuchagulia kipande kitamu. Lakini gemu za aina hii zimejengwa polepole makusudi. Horizon inakupitisha kwanza kwenye bonde linaloitwa the Daunt, mahali padogo pa kujifunzia upinde na tabia za mashine, kabla haijakufungulia lango la Barren Light na nchi yenyewe ya Magharibi. Masaa 5 yangu yalikatika nikiwa kwenye lango hilo. Jina la gemu ni Magharibi iliyokatazwa, na kwa kweli nilikatazwa.

Lililonisumbua zaidi si mahali saa ilipokatika, ni vile ilinigeuza mchezaji mwingine. Kwenye kijiji cha Chainscrape kuna watu wanacheza Machine Strike, mchezo wa ubaoni wenye vinyago vya mashine vilivyochongwa, kila kimoja na mwendo wake. Mimi ni mtu wa kusimama pale bao linapochezwa mpaka niambiwe nikae ama niende. Siku hiyo niliipita ile meza mbio. Nikaruka maongezi, nikaruka vijana wenye shida ndogondogo wanaokuomba msaada barabarani, nikafuata mshale wa kazi kuu kama mtu wa bodaboda aliye na paketi ya mteja. Gemu inayosifiwa kwa ulimwengu wake niliionja kwa njia moja ambayo haiwezi kuonyesha ulimwengu huo. Aliyenunua alipewa safari. Mimi nilipewa mtihani wenye msimamizi anayetangaza dakika zilizobaki.

Final Fantasy XVI walifanya vizuri zaidi mwaka 2023 na demo ya kawaida, ya kila mtu, bila usajili: utangulizi wa kama masaa mawili, kuanzia utoto wa Clive hadi usiku mmoja unaoiharibu familia yake, kisha kimya. Unaweza kuirudia mara kumi. Ukinunua, unaendelea pale ulipoachia. Hiyo ni sura ya kwanza. Mtu aliketi akasema, tunakatia hapa.

Kuna gemu ambazo saa haiziumizi hivyo, na ile tunayoipenda zaidi Kenya ni mojawapo. Kionjo cha EA kina umri kuliko cha Sony. Kilianza 2014 huduma hiyo ikiitwa EA Access, ikawa EA Play mwaka 2020, na masaa yake ni 10. Mechi ya FC ni fupi. Ndani ya masaa 10 unaweza kucheza mechi za kutosha kujua kama mabeki wamekuwa wazito, kama krosi zimerudi, kama kipa bado ana mikono ya siagi. Mpira hauna sura ya kwanza. Kwa hiyo kama hesabu ni ya uwanjani tu, masaa 10 ni haki kabisa.

Shida ni kwamba FC ya siku hizi haiko uwanjani tu. Iko Ultimate Team, na Ultimate Team ni soko lenye kiwanja kando yake. Unafungua pakiti, unapanga kikosi, unatafuta kadi, unauza kadi, na muda wote huo saa inakula, kwa sababu inahesabu tangu unapofungua gemu, si tangu refa apulize kipenga. Wachezaji wamejua dawa: biashara yote wanafanya kwa simu ama kompyuta, kwenye programu ambayo EA wenyewe wameitoa, na konsoli wanaiwasha wakati wa mechi pekee. Ukiwaangalia utadhani ni watu wa stima ya tokeni wanaozima friji usiku. Na kionjo hufunguka kama wiki moja kabla ya gemu kuuzwa kwa umma, kwa hiyo anayeonja anapata kichwa sokoni wakati kadi ni chache. Hapo si kuonja tena. Ni kupanga foleni, na saa inayokimbia ndiyo inakufanya uamue haraka kama utalipa bei nzima au utaacha kikosi ulichoanza kukijenga kikauke. Kila ulichofanya kinakungoja ukinunua, na sioni kama ni wema tu.

Haya, pesa. Neno linalotumika kwenye matangazo ni bure. Kiswahili kinalo neno hilo kwa maana mbili na sitalazimisha utani. Kwa bei ya Marekani, Premium ilikuwa dola 119.99 kwa mwaka mpaka Septemba 2023, ilipopandishwa hadi 159.99. Dola ikiwa karibu na shilingi 129, hiyo ni zaidi ya 20,000. Gemu mpya ya PS5 ni dola 69.99, yaani kama 9,000. Kwa hiyo haki ya kuonja kwa mwaka mmoja inagharimu gemu mbili nzima na nauli ya kurudi nyumbani. Ni kweli usajili una mengine ndani, na kuna utani mtamu hapo: Februari 2023, mwaka mmoja baada ya kutoka, Horizon Forbidden West ileile iliwekwa nzima kwenye katalogi ya ngazi ya kati, Extra. Aliyelipa zaidi alionja masaa matano. Aliyelipa kidogo na kungoja alikula sinia lote.

Kwetu kuna tabaka lingine. Kenya haimo kwenye orodha ya nchi zinazohudumiwa na PlayStation Network. Wengi wetu kwa akaunti zetu tunaishi Uingereza ama Marekani, tuna anwani za mitaa ambayo hatujawahi kuiona, na tunalipia kwa kadi za zawadi tunazonunua kwa M-Pesa. Mei 2024 Sony walipotaka wachezaji wa Helldivers 2 kwenye PC waunganishe akaunti za PSN, dunia ilipiga kelele kwa sababu gemu ilikuwa imeuzwa kwenye nchi nyingi ambazo huduma hiyo haiko, na siku chache baadaye wakarudi nyuma. Niliona watu wakishangaa kwamba kumbe kuna nchi kama hizo. Manze, sisi tulikuwa hapa tu.

Ongeza bando. Kionjo cha Horizon si kijiko, ni sufuria nzima, zaidi ya GB 80, upakue kwanza ndipo uonje masaa matano. Mwenye waya wa intaneti nyumbani ataacha ipakue usiku. Mwenye kutegemea simu atafanya hesabu na kulala.

Basi kwa nini ninajali? Kwa sababu kionjo kinafaa zaidi pale ambapo hakuna njia nyingine ya kujua, na konsoli ni pahali pa namna hiyo. Kwenye Steam unaweza kurudisha gemu ndani ya siku 14 kama hujapita masaa mawili ya kucheza. Kwenye PlayStation Store, ukishaanza kuipakua, pesa hairudi isipokuwa gemu iwe na hitilafu. Na base za PS mtaani, ambako wengi wetu tulijifunzia kila kitu, zinaonjesha gemu za aina moja. Pale unalipa kwa mechi, unangoja zamu yako ukiwa kwenye benchi, na kwa kungoja unajifunza: unaona nani anatumia timu gani, kona zinafungwaje, Tekken inachezwaje na mtu anayejua. Ni kionjo cha macho na hakina saa. Lakini hakuna mtu atakaa base masaa 30 kufuata hadithi ya Aloy wakati watu sita wanangoja mechi. Gemu za hadithi tunazijua kwa YouTube, kwa macho ya mtu mwingine, na yeye akisema inaboesha, imeisha.

Kuna kionjo kimoja cha saa ambacho nakisifu bila masharti. Cyberpunk 2077 ilitoka Desemba 2020 ikiwa imevunjika vibaya kwenye PS4, kiasi kwamba Sony waliitoa dukani mwezi uleule na kuirudisha Juni 2021. Februari 2022 toleo la PS5 lilipokuja, CD Projekt waliwapa watu masaa 5, mwezi mzima, bila usajili wowote. Ukienda kwa mwendo wa kawaida masaa hayo yanaweza kuisha hujakutana na Johnny Silverhand, uso wa Keanu Reeves uliokuwa kwenye kila tangazo. Haikujalisha. Swali la kila mtu wakati huo halikuwa kama hadithi ni nzuri. Lilikuwa: je, inasimama? Masaa matano yanatosha kabisa kujibu hilo, na kampuni iliyokuwa imepoteza imani ya watu haikuwa na maneno mengine ya kusema isipokuwa njoo uone.

Kwa gemu zinazohitaji kukaa nazo, mtaa una dawa yake tangu enzi za PS2, na haitoki kwa kampuni yoyote. Ni diski ya mtumba. Unanunua, unacheza kwa saa yako mwenyewe, unairudisha tauni, unaongeza kitu kidogo na kuondoka na nyingine. Horizon niliimaliza hivyo. Nilianza upya, na jioni yote ya kwanza niliimaliza Chainscrape nikipigwa Machine Strike na mwanamke wa kuchorwa.

PS5 Pro ilipotoka Novemba 2024 ilikuja kwa dola 699.99 bila sehemu ya kuingiza diski; hiyo unainunua kando. Nilimuuliza jamaa ninayebadilishana naye diski atafanya nini sote tukihamia kwa mashine kama hizo. Alikuwa akiipangusa moja kwa shati lake, akiigeuzageuza kwenye mwanga kutafuta mikwaruzo. Akaniuliza kama nimekuja kununua ama kuongea.