Saa Ambayo Mbiti Hakuihesabu

Wazo kwamba wakati ni mtambo limezoeleka katika bunilizi za kifantasia. Huwaziwa ulimwengu ambamo kila kuzaliwa na kila kufa ni jino la gurudumu linalosukuma jino jingine, na ambamo mwenye kushika mpini ndiye mtawala. H. G. Wells alipochapisha The Time Machine mwaka 1895 hakufika huko: kwake mtambo ni chombo cha kusafiria, na wakati ni njia tu. Falsafa inayodai kuwa wakati wenyewe ndio mtambo ni nzito zaidi, na msomaji wa Kiswahili ana sababu ya kuisogelea, kwa kuwa lugha yake imekwisha kulitia wazo hilo ndani ya neno moja. Saa ni kipimo cha wakati. Saa ni chombo cha ukutani au cha mkononi. Anayeuliza "saa ngapi?" na anayelalamika kuwa saa yake imekufa wanatumia neno lile lile.

Ajabu ni kwamba falsafa ya wakati iliyoazima maneno ya Kiswahili na kusomwa kote duniani ililipita neno hilo. Katika African Religions and Philosophy (1969), John Mbiti alichukua maneno mawili, sasa na zamani, akayaandika kwa herufi kubwa na kuyafanya nguzo za nadharia nzima. Ushahidi wake ulitoka zaidi katika njeo za vitenzi vya Kikamba na Kigikuyu; Kiswahili kilitoa majina tu. Kwa maelezo yake, Mwafrika wa jadi hashughulishwi na tukio lililo mbele kupita miaka miwili, na lugha husika hazina namna ya kulitaja. Kwame Gyekye alimpinga kwa ushahidi wa Kiakan. Kwa Kiswahili jibu lingekuwa fupi zaidi: kiambishi -ta- hakina mpaka. Waumini husema "tutafufuliwa" misikitini na makanisani, wala hakuna anayeuliza kama itakuwa ndani ya miaka miwili.

Kumkosoa Mbiti kwa sarufi, hata hivyo, ni kazi rahisi na imefanywa mara nyingi. Linalostahili kuchunguzwa ni ile miaka miwili yenyewe. Mbiti aliamini kwamba upeo huo mfupi ni urithi wa jadi, na kwamba elimu ya Kimagharibi, Ukristo na maisha mapya ndivyo vinavyomfungulia Mwafrika wakati ujao ulio mrefu. Doha inapindua hoja hiyo. Katika jiji hilo, lenye walinzi, madereva na watumishi wa nyumbani wengi kutoka Kenya na Uganda, mkataba wa kazi mara nyingi huwa wa miaka miwili. Ndoa hupangwa baada ya mkataba, matofali hununuliwa kwa hesabu ya mkataba, na mtoto aliyeachwa kwa bibi huahidiwa kurudi kwa mama kwa tarehe ya mkataba. Nje ya tarehe hiyo mazungumzo huwa ya mashaka. Mpaka aliouona Mbiti katika vitenzi vya wazee unaonekana Doha umeandikwa kwenye karatasi yenye muhuri, na ni mtambo wa kisasa uliouweka.

Wala mtambo huo si mgeni katika Kiswahili. Kwenye mashamba ya mkonge ya Tanganyika, kipande kilikuwa kadi ya siku 30 za kazi. Kila siku iliyokamilika iliwekewa alama, na ujira ulikuja kadi ilipojaa. Siku ya ugonjwa haikuwa siku. Mwezi wa kipande, kwa hiyo, haukuwa mwezi wa mwandamo wala wa kalenda: ulikuwa mrefu kadiri mwili ulivyochelewa kuujaza. Nalo neno kibarua, ambalo ni barua iliyofanywa ndogo, lilihama kutoka kwenye cheti hadi kwenye kazi ya kutwa, kisha hadi kwa mtu anayeifanya. Frederick Cooper, katika utafiti wake juu ya bandari ya Mombasa, ameonyesha jinsi wakati wa kazi ulivyokuwa uwanja wa mapambano kati ya vibarua na serikali ya kikoloni. Mbiti aliandika kana kwamba msamiati huu wote haukuwapo. Sasa na Zamani zake hazina mwajiri.

Kuna jambo jingine ambalo Doha hulifanya bila kukusudia. Saa za Qatar ni sawa na za Nairobi, Kampala na Dar es Salaam. Anayepiga simu nyumbani hahitaji kutoa wala kujumlisha. Lakini hesabu ya Kiswahili, inayoanza na macheo, ilijengwa karibu na ikweta, ambako jua huchomoza kwa takriban wakati mmoja mwaka mzima. Doha mwezi Juni jua hutoka kabla ya saa kumi na moja alfajiri. Desemba hutoka baada ya saa kumi na mbili. Msemaji huendelea kusema "saa moja asubuhi" huku jua limekwisha panda na kuchoma. Hesabu iliyokuwa ya jua imegeuka kuwa ya gurudumu, na anayeitumia hana habari.

Mafundi wa kale walilijua tatizo hili. Al-Jazari, katika kitabu chake cha mitambo cha mwaka 1206, alieleza saa kubwa ya maji ambayo mtiririko wake uliweza kurekebishwa kufuatana na majira, ili mchana ugawike katika saa 12 uwe mrefu au mfupi. Katika Makumbusho ya Sanaa ya Kiislamu, yaliyofunguliwa Doha mwaka 2008, zimo asturlabu, ala za shaba za kupimia kimo cha jua na nyota. Hizo ni mashine zilizolitii jua. Sheria ya Qatar ya mwaka 2021 imerudisha kidogo tu ya utii huo: kuanzia Juni 1 hadi Septemba 15, kazi za nje hukatazwa tangu saa nne asubuhi hadi saa tisa na nusu alasiri. Ni saa tano na nusu ambazo mtambo umekubali kwamba jua lipo.

Fasihi imesema nini? Nagona (1990) na Mzingile (1991) za Euphrase Kezilahabi zilivuruga mfuatano wa wakati, na wahakiki wamelisifu hilo karibu kufikia kuchosha. Ila wakati unaovurugwa humo ni wa historia na wa fikra. Saa ya zamu haimo. Walenisi (1995) ya Katama Mkangi iko karibu zaidi na Doha, ingawa inazungumzia sayari nyingine. Dzombo hutiwa katika chombo cha angani ili afe, na chombo kile kile kikamfikisha kwa watu wanaoishi kwa usawa, ambao jina lao, wale ni sisi, linamjumuisha na yeye. Mkangi alielewa kwamba mtambo wa adhabu una usukani, na kwamba aliyefungiwa ndani anaweza kujifunza kuushika.

Malcolm Bidali, Mkenya aliyekuwa mlinzi Doha, alijaribu jambo la aina hiyo bila fantasia. Kwa jina la Noah aliandika juu ya hali ya kazi na malazi ya wahamiaji. Mei 2021 alikamatwa, na baadaye akatozwa faini ya riali 25,000. Aliandika kwa Kiingereza, kwa sababu iliyo wazi: wenye kushika mpini hawasomi Kiswahili. Kiswahili cha Doha kimebaki katika simu za usiku baada ya zamu, ambamo mtu huulizwa amebakiza miezi mingapi, naye hujibu papo hapo, bila kuhesabu.