Mulima mumoja, macho mapya

Wengi husema: mutu mwenye kukaa siku zote pahali pamoja amekwisha kupaona. Paul Cézanne anatuonyesha kinyume.

Alizaliwa mwaka 1839 katika muji wa Aix, kusini ya Ufaransa. Baba yake, mwenye banki, alitaka awe mutu wa sheria. Yeye akachagua rangi, akaenda Paris mwaka 1861. Lakini hakuacha kurudi kwao, na mwisho akakaa huko. Karibu na Aix unasimama mulima Sainte-Victoire, wa mawe meupe, wenye metri 1011. Aliuchora mara nyingi: picha za rangi ya mafuta peke yake zapita 30.

Tulinganishe tu za kwanza na za mwisho. Katika ile ya mwaka 1887 hivi, iliyo London leo, tawi la musonobari linapita juu, nalo linafuata mugongo wa mulima sawasawa. Chini kuna mashamba, nyumba, na daraja la njia ya reli. Kila kitu kina pahali pake. Jicho linatembea pasipo kupotea.

Katika zile alizochora tangu 1902 kutoka kilima cha Les Lauves, musonobari hauko tena. Nyumba na miti vimekuwa mabaka ya rangi, na pengine kitambaa kimeachwa kitupu. Wengine watasema: hakumaliza kazi. Sisi twafikiri sivyo. Simama mbali kidogo: mabaka yanashikana, na mulima unainuka juu yao wenye uzito. Aliacha yaliyo ya kupendeza tu, akatafuta kile kinachosimamisha mengine.

Lakini tuseme kweli: watu hawamo. Mashamba yamelimwa, mwenye kulima haonekani. Sisi tunaojua kwamba inchi ni watu wake kwanza, twaona upungufu hapo, wala uzuri wa rangi usitufumbe macho.

Hata hivyo uaminifu wake watufundisha. Katika Oktoba 1906, akiwa na miaka 67, mvua kubwa ilimukuta inje akichora; akaanguka, akarudishwa nyumbani kwa gari la kukokotwa. Kesho yake akashika tena kazi. Baada ya siku chache akafa.

Ndugu wasomaji, wengi wetu tuliacha vijiji vyetu kwa ajili ya masomo, na tukirudi twasema: hapa hakuna kitu. Kumbe kilima kingali pale. Macho yetu ndiyo yaliyochoka.