Jina Lililofutwa Nusu

Darasani tulifundishwa kwamba Shakespeare alimbadilisha Falstaff jina kwa kuogopa wakubwa. Nakubali nusu. Tangu sheria ya 1572, mwigizaji asiye na bwana wa kumdhamini aliweza kuadhibiwa kama mzururaji, kwa hiyo hofu ilikuwapo. Na mzee huyu mnene, mlevi na mwongo aliitwa kwanza Oldcastle, jina la mtu aliyeuawa mwaka 1417 kwa imani yake, ambaye Waprotestanti walimhesabu shahidi. Inaaminika kuwa waliolalamika ni akina Cobham, waliokirithi cheo chake. Mwaka 1596 mmoja wao alipewa ofisi ya kifalme iliyosimamia ukaguzi wa tamthilia.

Jina likafutwa. Lakini katika Henry IV, Sehemu ya Kwanza, Mwanamfalme Hal bado anamtania mzee kwa neno la ngome, na Oldcastle maana yake ni ngome kuukuu! Huenda hapo walipitiwa tu. Hitimisho la Sehemu ya Pili je? Linatangaza kwamba Oldcastle alikufa shahidi, naye siye huyu. Mtazamaji aliyekuwa amelisahau jina alikumbushwa na waigizaji wenyewe, tena kwa kisingizio cha heshima. Mimi sioni woga mtupu hapo.