Duara Lisilofunga: Filamu ya Milcho Manchevski

Milcho Manchevski alizaliwa Skopje mwaka 1959, akasomea filamu Marekani. Filamu yake ndefu ya kwanza, Pred doždot, yaani Kabla ya Mvua, ilitunukiwa Simba wa Dhahabu huko Venice mwaka 1994, miaka mitatu tu baada ya Makedonia kujitenga na Yugoslavia.

Wapo wahakiki walioiona kuwa ni hadithi ya Wamakedonia na Waalbania wasioweza kupatana. Hukumu hiyo haitoshi. Hebu na tuwatazame wanaouawa. Zamira, msichana wa Kialbania aliyefichwa na mtawa kijana, haangushwi na Wamakedonia wanaomsaka. Anapigwa risasi na kaka yake. Aleksandar, mpigapicha aliyerejea kijijini kutoka London, anauawa na binamu yake mwenyewe kwa sababu amemwokoa msichana huyo. Kikulacho ki nguoni mwako: ashikaye bunduki kwa jina la kuwalinda watu wake, mwishowe huielekeza kwao.

Kasoro ipo. Katika sehemu ya pili, itokeayo London, mauaji ya mkahawani yanazuka ghafla, na msiba wake hauna mizizi. Lakini umbo la filamu lina hekima. Sehemu ya tatu inaturudisha mwanzoni, ila matukio hayalingani barabara, duara halifungi. Hapo ndipo lilipo funzo: kisasi si majaaliwa, bali ni njia ambayo mtu aweza kukataa kuifuata. Aleksandar aliikataa, akalipa kwa roho yake. Na mvua ikanyesha juu ya maiti yake.