Maneno ya Mtu Aliyecheza

Fiston Mayele alipotoka AS Vita Club kwenda Yanga mwaka 2021, mashabiki wengi wa Bukavu walihama naye. Ligi ya Tanzania ilikuwa imepata Wakongo wa kufuatiliwa, akiwemo Djuma Shabani na Yannick Bangala, na vipande vya mechi vya Azam TV vikawa vinatumiwa kwenye simu kutoka Kadutu mpaka Bagira. Pamoja na mabao kukaja uchambuzi wa Kiswahili kutoka kwa watu waliocheza mpira wenyewe. Kwa mtazamaji aliyezoea wachambuzi wa Kifaransa wa Canal+, hilo si jambo dogo.

Ally Mayay Tembele ni mmoja wa waliofungua njia hiyo. Aliwahi kuwa nahodha wa Yanga, akaichezea Taifa Stars, na baada ya kutundika daluga akawa mchambuzi wa Azam TV.

Watu hudhani aliyecheza mpira anajua tayari kuueleza. Sivyo. Mchezaji mzoefu husogea hatua mbili kuziba pengo bila kujiuliza. Mwili umeshajua kabla kichwa hakijatamka neno. Studioni mambo yanageuka. Kile alichokuwa akikifanya kimyakimya kwa miaka lazima akiseme, akiseme kwa ufupi, na akimalize kabla mpira haujarudi uwanjani, huku mwongozaji wa matangazo akimwambia sikioni kwamba muda umekwisha. Mtangazaji anaufuata mpira. Mchambuzi kazi yake ni kuwatazama wale wasio na mpira.

Chukua bao la Meschack Elia dhidi ya Misri, Januari 2024, katika mechi ya Kombe la Afrika ambayo Kongo ilikuja kuishinda kwa penalti 8 kwa 7. Yoane Wissa alimimina krosi, Elia akaipiga kichwa. Mtangazaji anataja majina mawili, anapaza sauti, na ana haki ya kufanya hivyo. Aliyecheza anaomba picha irudishwe kabla krosi haijapigwa. Anamwacha Wissa, anamwonyesha Elia: amesimama wapi, anaanza kukimbia lini, na beki anayemkaba ameelekeza macho wapi. Picha inasimamishwa hapo. Sentensi mbili zinatosha, na shabiki ameona kitu ambacho hakukiona mara ya kwanza ingawa kilikuwa mbele yake.

Kusimamisha picha na kuichora si jambo jipya. Kocha wa zamani wa futiboli ya Kimarekani, John Madden, alikuwa akichora mistari juu ya picha za televisheni ya CBS nchini Marekani tangu mwaka 1982. Uingereza, Gary Neville alistaafu Manchester United Februari 2011, na Agosti mwaka huohuo alikuwa ameshaanza kazi ya uchambuzi kwenye televisheni ya Sky. Alipata heshima haraka, hata kwa watu waliokuwa wakimzomea akicheza, kwa kuwa alianza na ushahidi kisha akatoa hukumu.

Mpangilio huo ndio unaombeba mchambuzi wa Dar es Salaam pia. Nahodha wa zamani wa Yanga akikaa kuchambua mechi ya mahasimu wao Simba, nusu ya watazamaji wanamsubiri ateleze. Akisema beki fulani ni mzembe, ataambiwa ni chuki za Jangwani, makao ya Yanga. Akionyesha kwamba beki huyo alikuwa nyuma ya wenzake na kumwacha mshambuliaji asiwe ameotea, ubishi unahamia kwenye picha.

Kazi hii ilipata nguvu kwa sababu fedha zilikuwepo. Mwaka 2021 Azam ilisaini na shirikisho la soka la Tanzania, TFF, mkataba wa miaka 10 wenye thamani ya shilingi bilioni 225.6 za Tanzania. Kituo kinacholipa kiasi hicho hakiwezi kurusha mechi tu na kunyamaza mpaka mechi ijayo. Kinahitaji watu wa kuifungua kabla na kuifumua baadaye. Nao wachambuzi wanapata sikio la nchi. Mayay aligombea urais wa TFF mwaka 2017, akashindwa na Wallace Karia, na baadaye akaongoza idara ya maendeleo ya michezo wizarani. Habib Beye wa Senegal alitoka meza ya Canal+ akaenda kufundisha Red Star ya Ufaransa, akaipandisha Ligue 2 mwaka 2024.

Bukavu nayo ina klabu za OC Muungano na Bukavu Dawa, na ina wachezaji wa zamani wanaoweza kuisoma mechi ya Uwanja wa Concorde kuliko mgeni yeyote. Studio kubwa si lazima. Kompyuta moja inayosimamisha picha inatosha kuanzia, na matukio matatu yaliyochaguliwa vizuri yanatosha kwa kipindi kizima. Kisichokwepeka ni kamera ya pili, iwekwe juu jukwaani, itulie, ionyeshe uwanja kwa upana. Kamera moja inayoukimbilia mpira haionyeshi mbio za wasio nao, na bila mbio hizo hata Mayay angebaki akisimulia bao ambalo kila mtu ameshaliona.