Vittorio De Seta na Filamu Zisizo na Msimulizi

Utajwapo uhalisia mpya wa sinema ya Italia baada ya Vita Vikuu vya Pili, majina ni yaleyale: Rossellini, De Sica, Visconti. Vittorio De Seta, aliyezaliwa Palermo mwaka 1923, hutajwa kwa nadra. Alikuja nyuma kidogo, bamvua lile likiwa limekwisha kuanza kupwa. Hata hivyo lipo jambo alilolitimiza kuliko wakubwa wake, nalo ni kumnyamazisha msimulizi.

Mwaka 1948, katika La terra trema, Visconti aliwaacha wavuvi wa Aci Trezza waseme Kisisilia chao. Lakini juu ya maneno yao aliweka sauti ya Kiitaliano ya kumfafanulia mtazamaji. Mvuvi alipewa ulimi, ila mkalimani hakubanduka ubavuni pake.

Mwaka 1954 De Seta alikwenda kwenye mlango wa bahari wa Messina, akatengeneza Lu tempu di li pisci spata, filamu ya dakika kumi hivi juu ya uvuvi wa samaki mwenye mdomo kama upanga. Mlinzi yuko juu ya mlingoti, akipiga ukelele. Wapiga makasia wanageuza chombo. Mwenye chusa anangoja. Hakuna afafanuaye. Sauti zilinaswa hukohuko kazini, kisha De Seta akazipanga pamoja na picha kwa vina na mizani: kimya kirefu cha kungoja, kisha makelele, kisha wimbo. Mtazamaji asiyejua neno la Kisisilia huelewa yote, kwa kuwa wimbo wa kazi hubeba maana yake katika pumzi ya aimbaye.

Je, msimulizi akinyamaza huwa ametoweka? La hasha. Achaguaye picha ndiye asemaye. De Seta huzikunja siku nyingi zikawa siku moja, na rangi zake hupendeza hata uchovu ukakaribia kuwa pambo. Haelezi mvuvi alilipwa nini, wala chombo kilikuwa cha nani. Hilo ni pengo, na uzuri wa picha haulizibi.

Lakini pengo kubwa zaidi limo katika kazi iliyomletea sifa. Banditi a Orgosolo, iliyotuzwa Venice mwaka 1961, ni kisa cha mchungaji wa Sardinia anayeshukiwa bure, akakimbilia milimani na kondoo wake. Wanapokufa, naye hugeuka mwizi wa kondoo wa mwenziwe. Waigizaji ni wachungaji wa huko hasa. Nyuso zao hazisahauliki, ila sauti zao zilifutwa, mahali pake pakawekwa Kiitaliano cha watu wengine. Tafsiri hapo haikusimama kando ya matini, iliyameza. Kisa kinachodai haki ya mnyonge kilianza kwa kumnyang'anya sauti yake.

De Seta alifariki mwaka 2011. Filamu zake fupi za miaka ya 1950 zimekarabatiwa na kukusanywa kwa jina la Il mondo perduto, yaani ulimwengu uliopotea. Atakaye kumjua na aanze na hizo, na asikilize kabla ya kutazama. Vyombo vile vya makasia vimekwisha kuondoka katika uvuvi ule. Wito wa mlinzi bado unasikika, kwa lugha yake mwenyewe.