Samaki ya Ngazi: Jina Limebaki, Chakula Kinapotea

Kando ya ziwa Tanganyika, toka Uvira mpaka Baraka na kushuka hata Kalemie, watu wanajua thamani ya samaki wa nyama nyeupe: sangala, na zaidi kuhe, ambaye hapatikani katika ziwa lingine duniani. Wanajua pia mchikichi na matunda yake, ngazi. Wazee wetu waliunganisha mali hizo mbili ndani ya nyungu moja. Ni vizuri tuchambue chakula hicho leo, sababu jina lake lingali linatajwa, lakini kitu chenyewe kinabadilika mbele ya macho yetu.

Tuanze na jina. Katika nyumba nyingi za mjini, na zaidi ndani ya malewa, ukiomba samaki ya ngazi unaletewa samaki aliyekaangwa mpaka amekuwa kama ubao, kisha amemwagiwa mawese, nyanya ya mkebe na kyubu mbili ao tatu. Tuseme ukweli: hiyo si samaki ya ngazi. Mawese ni mafuta peke yake, yaliyokamuliwa na kutengwa. Mchuzi wa ngazi ni nyama ya tunda pamoja na mafuta yake, utamu wake na harufu yake. Tofauti ni kama ya muwa na sukari. Vyote viwili ni vitamu, lakini hakuna mtu atakayesema ni kitu kimoja.

Pili, kazi yenyewe ina mpango, na mpango huo ni elimu. Ngazi zinachemshwa mpaka ganda lilainike. Zinatwangwa polepole ndani ya kinu, kwa kuwa kokwa haitakiwi kupasuka. Unatia maji ya moto, unakamua kwa mikono, unachuja nyuzi na kokwa. Maji mazito yanayobaki ndiyo yanawekwa motoni mpaka yakaze na mafuta mekundu yapande juu. Wakati huo samaki amekwisha kupakwa chumvi, ndimu, tangawizi na kitunguu saumu. Anaingia mwisho, mbichi ao aliyebanikwa kidogo, pamoja na kitunguu na pilipili nzima isiyopasuliwa. Toka hapo mwiko unawekwa kando. Mama anashika nyungu na kuitikisa tu, maana nyama nyeupe inavunjika upesi. Robo saa inatosha.

Angalieni hekima iliyo ndani ya mpango huo. Ndimu na pilipili zinakata uzito wa mafuta. Tangawizi inaondoa shombo. Utamu wa tunda unapoza ukali. Hakuna kiungo kinachopiga kelele kuliko samaki. Kyubu inafanya kinyume: inaleta chumvi nyingi na ladha moja kwa vyakula vyote, hata usijue kama umekula sangala, kuku ao maharagi.

Kuna pia jambo la afya. Wekundu wa ngazi unatokana na karotini, ambayo mwili unaigeuza kuwa vitamini A, yenye kulinda macho ya watoto. Wengi wetu tunachoma mawese motoni mpaka yawe meupe ndipo tukaange, tukifikiri ndiyo usafi. Kumbe moto huo unaharibu karotini. Tunanunua dawa ya macho, tena tunaiunguza wenyewe jikoni.

Lakini mchambuzi asiyeona upande wa pili anadanganya wasomaji wake. Kwa nini wamama wameacha ngazi? Si kwa uvivu. Kutwanga ni kazi nzito. Mama mwenye kurudi sokoni ao kazini jioni, na makala na maji vingali vinamngoja, hawezi kuongeza kinu juu yake. Na wale tunaosifu desturi kwa sauti kubwa, sisi wanaume, ni wangapi tumewahi kushika mchi? Desturi yenye kubebwa na mgongo wa mtu mmoja haiwezi kudumu.

Kwa hiyo kulalamika hakutoshi. Kazi igawanywe: vijana wa kiume watwange siku ya posho ao ya yenga, dada zao wachuje, na wote wawili wajifunze kutikisa nyungu. Na sisi walimu tuna deni letu. Mwanafunzi anachora tunda ubaoni na kuandika sehemu zake zote kwa Kifaransa. Tumpe ngazi mkononi, azionyeshe sehemu hizo na kueleza nini kinakwenda katika mchuzi na nini kinatupwa. Hapo atakuwa amesoma biolojia na amerithi wakubwa wake kwa somo moja. Mwenye kukosa nafasi apike kwa mawese, hakuna kosa, ila akiite chakula hicho kwa jina lake. Maana watoto wakizoea kuita mawese ngazi, siku moja hawatajua hata kama kuna kitu walipoteza.